Ukikuta kioo cha boila kikavu, usifungue maji

Mama ndo aligundua kwanza. Alikuwa amekuja kututembelea kutoka Tanga, mwezi wa kwanza, kipindi kigumu kuliko vyote cha kuja Worcester, Massachusetts, huku Marekani, lakini ndo tiketi ilipopatikana na mjukuu alikuwa ameshazaliwa, na kwa zile wiki tatu alizokaa alishazizoea rejeta za chuma za sebuleni, zile zinazopasha nyumba joto kwa mvuke, zinavyofoka kabla joto halijaja, ile shhhhh ndefu alafu tik, kivalvu cha hewa kinajifunga. Yeye alikuwa anasema zinapumua. Sasa usiku ule kama saa tatu hivi, mtoto amelala mapajani kwake, akaniambia, "Mwanangu, mbona leo haya machuma hayapumui?" Nikatega sikio. Kweli, kimya. Lakini ukiinama karibu na sakafu unasikia boila, mtambo unaochemsha maji kuwa mvuke huo, kule chini inaunguruma, moto unawaka kama kawaida.

Nje ilikuwa digrii 5 za Fahrenheit, kwa hesabu yetu ni nyuzi 15 chini ya sifuri.

Nikashuka besimenti, chumba cha chini ya nyumba. Harufu ikanipokea kwenye ngazi, ile ya sufuria uliyoisahau jikoni maji yakakauka na chuma kikaanza kuungua chenyewe. Pembeni ya boila kuna kibomba cha kioo kimesimama wima, unene wa kidole, ndo kinakuonyesha maji yamefika wapi ndani. Nikamulika na tochi ya simu. Kitupu. Sio kwamba maji yameshuka yako chini chini, hapana, hakuna hata tone, unaona doa la kutu tu pale mwisho. Na moto unawaka.

Mkono wangu ulishafika kwenye koki ya kuongezea maji. Nadhani mtu yeyote angefanya hivyo, maji yameisha si unaongeza maji. Kilichoniokoa ni kwamba nilikuwa nimempigia mzee mmoja jirani yetu, Mghana, kafanya kazi ya kuangalia maboila ya majengo miaka mingi sana mpaka kastaafu, simu ilikuwa kwenye spika na akaniuliza unaona nini kwenye kioo, nikamwambia hakuna kitu, aisee yule mzee mpole akapaza sauti mpaka nikaruka: "Usiguse maji! Panda juu, zima swichi nyekundu, na usirudi huko chini!" Hiyo swichi nyekundu iko mwanzo wa ngazi za besimenti, nyumba nyingi za huku zenye boila ya mafuta zinayo, imewekwa juu makusudi ili uweze kuzima bila kuisogelea boila yenyewe. Nilikuwa naipita kila siku, nimewahi hata kuidhania ya taa.

Nikazima. Nikakaa na mama nikamweleza kilichotokea na kwanini mzee kakataza maji, na hata sikumaliza. "Si kama chungu," akasema. "Chungu kikikaukia motoni hukitii maji, kitapasuka. Unakiepua, unakiacha kipoe chenyewe." Mama hajawahi kuona boila maishani mwake. Kapikia chungu samaki miaka hamsini.

Na ni hicho hicho kabisa. Boila kama ya kwetu ni ya chuma kizito cha kumiminwa kwenye kalibu, vipande vimepangwa vikabanwa pamoja kama slesi za mkate, maji yanakaa ndani ya slesi na moto unapita katikati. Maji yakiwepo chuma hakiwezi kupata moto kupita kiasi kwa sababu maji yanaubeba ule moto. Yakiisha, chuma kinabaki peke yake na moto, kinaweza kufika mpaka rangi nyekundu. Sasa umiminie maji ya baridi hapo, mambo mawili. La kwanza chuma kinasinyaa ghafla upande mmoja kinapasuka, na hapo boila imekwenda. La pili ndo baya zaidi, maji yakigusa chuma cha moto namna hiyo yanageuka mvuke mara moja, na maji yakiwa mvuke yanataka nafasi kama mara 1,700 ya ile yaliyokuwa nayo, lita moja inataka lita 1,700, na yako ndani ya sanduku la chuma lililofungwa. Valvu ya usalama ipo, kwenye boila za mvuke za nyumbani imewekwa ifunguke kwenye presha ya 15 (paundi kwa inchi ya mraba), lakini imetengenezwa kwa presha inayopanda kwa hatua, sio kwa mlipuko wa namna hiyo.

Kwa hiyo ukikuta kioo kitupu na boila ya moto: zima, toka, iache. Mzee alituambia tusubiri mpaka chuma kiwe cha baridi kabisa, uweze kuweka kiganja ukakiacha hapo bila shida. Kwetu ikawa mpaka asubuhi. Usiku ule tulilala wote chumba kimoja, mablanketi yote ya nyumba kitandani, tukaacha mabomba ya jikoni na bafuni yakidondosha maji kidogo kidogo ili yasigande, mama kamfunga mtoto kwa khanga mbili kifuani kwake. Asubuhi mzee akaja mwenyewe, akaingiza maji polepole sana, dakika kadhaa anasimama anazunguka na tochi kutafuta kama kuna sehemu inavuja, alafu anaongeza tena. Tulikuwa na bahati, hakuna kipande kilichopasuka.

Sasa swali la maana, kwanini boila iliendelea kuwaka bila maji? Maana kila boila ya mvuke ina kifaa cha kuzuia hilo jambo, kinakata moto maji yakishuka. Cha kwetu ni kile cha zamani cha boya, kanuni ile ile ya boya la tanki la choo: kuna chemba pembeni ya boila, boya linaelea humo, maji yakishuka boya linashuka linakata umeme wa moto. Lakini humo ndani kila siku kutu na tope vinatulia, na usipovitoa vinajaa chini ya boya mpaka boya linakalia tope, haliwezi tena kushuka. Linabaki juu, linaiambia boila maji yapo, endelea. Mzee alipofungua ile koki ya chini ya chemba kilichotoka kilikuwa kama uji wa ulezi, kizito, cheusi, kikachelewa hata kutoka. Aliyetuuzia nyumba alisema kila kitu kimefanyiwa sevisi, na kwenye boila palibandikwa karatasi ya fundi yenye sahihi na tarehe. Hiyo koki haikuwa imefunguliwa miaka. Mpaka leo nikikumbuka lile tope nasikia hasira, maana mtoto wangu alikuwa analala juu ya hicho kitu.

Hiyo koki inatakiwa ifunguliwe kila wiki kipindi chote cha baridi. Kila wiki. Mimi nafanya Jumapili asubuhi na nitaeleza ninavyofanya kwa sababu video nyingi zinaruka vitu. Naweka ndoo ya chuma, sio ya plastiki, maji yanatoka ya moto kweli, na navaa viatu vilivyofunika mguu wote. Naacha boila iwake kwanza, hiyo ni muhimu, ukifanya ikiwa imezimwa umetoa tope lakini hujajua kama kifaa kinafanya kazi. Nafungua koki, maji yanaanza kutoka mekundu kama chai iliyokolea, na kabla ndoo haijafika mbali lazima nisikie moto unazima, klak, kimya. Hiyo klak ndo ninayoifuata huko chini. Siku usipoisikia usiiwashe tena boila mpaka fundi aje. Naendelea mpaka maji yawe meupe, nafunga, naangalia kioo, kama yameshuka narudishia polepole, alafu naiacha boila iwake mpaka ichemke kabisa. Hiyo ya mwisho watu hawaisemi: maji mapya ya bomba yamebeba hewa, na hewa hiyo ndo inayokula chuma, ukiyachemsha hapo hapo hewa inatoka, ukiyaacha yamekaa baridi siku nzima yanatafuna boila taratibu pale usawa wa maji.

Kuna boila nyingine zina kifaa cha kisasa zaidi, hakina boya, kina kijiti cha chuma kinachogusa maji. Hicho hakihitaji kumwagwa kila wiki ila kinatakiwa kitolewe na kusafishwa, angalau mara moja kwa mwaka.

Kusoma kioo nako kuna ujanja wake. Usisome boila ikiwa inachemka ukafanya uamuzi. Ikichemka maji yanacheza na yanashuka kidogo kwa sababu sehemu ya maji imeshapanda juu kwenye rejeta kama mvuke, itapoa huko, itarudi matone matone kwa bomba. Mtu anaona yameshuka anaongeza, nusu saa baadae yale ya juu yanarudi, boila imejaa kupita kiasi, na boila iliyojaa sana inatupa maji kwenye mabomba badala ya mvuke mkavu, ndo hapo unasikia mabomba yanagonga usiku kama mtu anapiga nyundo na vivalvu vya rejeta vinatema maji kwenye zulia. Nasoma ikiwa imezima na imetulia. Kwetu maji yanatakiwa kati ya nusu na theluthi mbili ya kioo, boila nyingi ni hapo hapo ila zingine zina mstari wa kiwandani uliochorwa, fuata huo. Nimefunga mpira wa kufungia hela kwenye kioo pale yanapotakiwa, hata mke wangu akishuka na mtoto mkononi anajua kwa kuangalia tu. Na kama maji kwenye kioo hayachezi kabisa hata boila ikiwa inachemka kwa nguvu, usifurahi, huenda tundu za kioo zimeziba na unaangalia maji ya juzi.

Haya, tope ni sababu ya moto kutozima. Lakini maji yenyewe yalikwenda wapi? Hili ndo jambo ninalotaka mtu aelewe zaidi ya yote, kwa sababu mafundi wawili waliokuja baada ya pale wote walitaka kuniuzia kifaa cha kuongeza maji chenyewe, otomatiki, wakasema hutahangaika tena. Mfumo wa mvuke ni mduara. Maji yanachemka, mvuke unapanda, unapoa kwenye rejeta, maji yanarudi chini. Ni maji yale yale, mengine yako humo tangu mwaka jana. Upotevu kidogo upo, kwenye vivalvu vya hewa na ile ndoo ya Jumapili. Ukiona unaongeza kila siku chache kuna mahali pametoboka, na kifaa cha otomatiki kitalificha tundu hilo, kitakuwa kinajaza usiku na mchana, kila lita mpya na hewa yake, mpaka siku boila yenyewe inatoboka. Sikikatai kifaa chenyewe, vipo vya siku hizi vina namba zinazohesabu maji yaliyoingia na hiyo ni kitu kizuri sana. Nakataa kukifunga kabla ya kujua maji yanakwenda wapi.

Nikatundika daftari kwa kamba kwenye bomba, na penseli, kila nikiongeza naandika tarehe na vidole vingapi vya kioo. Wiki mbili tu daftari lilisema: kila baada ya siku tatu, vidole vitatu. Mzee akasema twende kwa mpangilio. Kwanza tukatoka nje asubuhi ya baridi kali kuangalia bomba la moshi, kama linatoa wingu zito jeupe muda wote boila inapowaka hiyo ni dalili kwamba kuna tundu ndani ya boila juu ya usawa wa maji na mvuke unapita na moshi. Halikuwa hivyo. Kisha boila ikiwa ya baridi tukaijaza kupita kioo kabisa, tukasubiri, tukamulika chini kwenye sehemu ya moto, pakavu. Boila nzima. Tukabaki na bomba la kurudisha maji, na hilo mwaka 1920 walipojenga nyumba walilipitisha chini ya zege la besimenti. Hulioni. Chuma kimelala ardhini miaka mia na maji ndani. Fundi wa tatu, mtu mkimya, hakuniuzia kitu, alikata ncha mbili akaliacha lile la chini lizikwe moja kwa moja, akapitisha jipya juu ya sakafu pembezoni mwa ukuta, bado liko chini ya usawa wa maji ya boila kwa hiyo linafanya kazi vile vile. Tangu siku ile daftari linasema vidole viwili kwa mwezi, na sehemu kubwa ya hivyo ni ndoo yangu.

Fundi huyo ndo alinionyesha kona moja ya bomba nyuma ya boila ambayo naipenda sana siku hizi. Maji yanayorudi hayaingii moja kwa moja chini ya boila, yanapandishwa kwanza mpaka karibu na usawa wa maji, kama inchi mbili chini yake, ndo yanaunganishwa. Maana yake bomba la kurudi likitoboka, maji ya boila hayawezi kukimbia yote kwa njia hiyo, yanashuka mpaka pale kwenye kiungo yanasimama. Inaitwa Hartford Loop, kwa jina la kampuni ya bima ya maboila ya Hartford, Connecticut, mji ambao ni mwendo wa saa moja na kidogo kutoka kwetu. Kampuni ilianzishwa 1866, mwaka mmoja baada ya meli ya Sultana kulipuka maboila kwenye mto Mississippi karibu na Memphis, tarehe 27 Aprili 1865, imejaa askari waliotoka kwenye kambi za wafungwa wakirudi makwao, wakafa zaidi ya elfu moja. Nikauliza sasa kwetu mbona maji yaliisha na hiyo loop ipo? Akanijibu loop inazuia maji yasitoke haraka kwa bomba, haizuii boila kuendelea kuchemsha kilichobaki. Mvuke unapanda, maji yake yanarudi yanaishia kwenye zege. Boila yetu ilijikausha yenyewe. Ndo maana vile viwili vinaenda pamoja, loop na kile cha kukata moto, kimoja kikifa kingine peke yake hakitoshi.

Na hapa hapa Massachusetts, Brockton, tarehe 20 Machi 1905, boila ya kiwanda cha viatu cha Grover ililipuka asubuhi wafanyakazi wakiwa wameshaingia, ikapanda kupitia ghorofa zote ikatoka paani, jengo likaanguka likashika moto, watu 58 wakafa. Ile haikuwa maji kupungua, ilikuwa ufa kwenye maungio ya chuma ambao mtu asingeweza kuuona kwa macho. Miaka miwili baadae jimbo likatunga sheria ya ukaguzi wa maboila. Nimepita Brockton mara nyingi kazini na sikuwahi kujua.

Sasa kwa ndugu zangu mliopanga, na najua wengi wetu Worcester na Lowell tumepanga kwenye hizi nyumba za ghorofa tatu za mbao: kutunza boila ni kazi ya mwenye nyumba. Sheria ya jimbo inataka kipindi cha baridi nyumba iwe angalau digrii 68 za Fahrenheit mchana na 64 usiku. Lakini bado shuka chini mara moja uangalie kioo kiko wapi na swichi nyekundu iko wapi, kwa sababu saa tatu usiku mwenye nyumba hashiki simu na wewe ndo uko ndani na watoto. Kama hakuna kioo na rejeta zako hazifoki, basi yenu ni ya maji ya moto sio ya mvuke, hiyo imejaa maji mpaka juu na unachoangalia ni geji ya presha, kwa nyumba ya ghorofa mbili ikiwa baridi iwe karibu na 12. Inashuka kila wakati, mahali panavuja. Ikipanda kukaribia 30 valvu ya usalama itaanza kumwaga maji, ita fundi, na usiizibe hiyo valvu hata kama inalowesha sakafu.

Mama sasa yuko Tanga. Jumapili anapiga simu wakati mimi niko chini na ndoo, saa hizo kwao ni jioni, na swali ni hilo hilo, "Yanapumua?" Juzi nilimwambia subiri, nikamaliza kuandika kwenye daftari, maji yako pale pale kwenye mpira, nikapanda nikaweka simu juu ya rejeta ya sebuleni, mtoto naye kasimama ameshika ukuta anasikiliza, mpaka ikaanza shhhhh, na mama kule akaitikia kama anavyoitikia mtu aliyebisha hodi, "Karibu."